Mahari Inapotufikisha Polisi

Wazazi wetu walipoweka desturi ya mahari hawakukusudia kuleta ugomvi. Walitaka koo mbili zifahamiane, binti aonekane kuwa ana kwao, na kijana aonyeshe kwamba yuko tayari kutunza nyumba. Hata hivyo, siku hizi tunasikia habari za mahari mahali ambapo hazikutazamiwa: katika ofisi ya kata, mahakamani, na mara nyingine kwenye kituo cha polisi, mume akiwa amekaa upande huu na mkwewe upande ule.

Tumeona vema kulizungumzia jambo hili tukiwa na Bombambili mbele ya macho yetu. Bombambili ni kata ya Manispaa ya Songea, mkoani Ruvuma. Wanaishi humo Wangoni, Wamatengo, Wandendeule, Wayao, Wabena na wengine wengi walioletwa mjini na kazi au biashara. Watu hao husali pamoja, huzikana na kuoana. Kwa hiyo mahari hapo haiwezi kuwa suala la kabila moja.

Desturi mbili chini ya paa moja

Kwa Wangoni na Wamatengo, ukoo hufuata upande wa baba. Kufuatana na mila hiyo, mahari ndiyo inayowaingiza watoto katika ukoo wa mume. Kwa Wayao, mila ya asili hufuata upande wa mama. Watoto ni wa ukoo wa mama yao, na zawadi za ndoa kwa kawaida zilikuwa ndogo. Sasa kijana wa Kingoni akimchumbia binti wa Kiyao, au kinyume chake, kila upande unakuja na hesabu yake moyoni. Wazee wanaongea, mshenga anapita huku na huku, soda zinanywewa, watu wanacheka. Lakini swali lenyewe haliulizwi: kitu hiki tunachotoa kina maana gani kwenu, na sisi tunakielewaje?

Kisha kuna suala la fedha. Familia nyingi za Ruvuma hutegemea mahindi, na wengine kahawa au tumbaku. Ahadi ya mahari hutolewa kwa kutegemea mavuno. Mwaka ambao mazao hayana bei, ahadi nazo hulegea. Kijana anatoa nusu na kusema iliyobaki ataimalizia mwakani. Mwakani mtoto amezaliwa, mwaka unaofuata kuna ada ya shule, na deni linabaki pale pale. Wapo wanaoishi pamoja miaka mingi bila kufunga ndoa kanisani kwa sababu tu mahari haijaisha. Mama wa namna hiyo analea watoto, anapika, analima, na bado kila akienda kwao anaulizwa lini mumewe atakuja "kumaliza".

Ugomvi huzaliwa wapi?

Tukitazama kwa makini tutaona kwamba magomvi ya mahari huja kwa njia nne hasa.

Ya kwanza ni ya wakwe wanaodai. Binti anakwenda kwao kujifungua au kuuguza mzazi, na anapotaka kurudi anaambiwa hatoki mpaka mumewe alete kilichobaki. Mume anakasirika, anakwenda na wenzake kumchukua, maneno yanakuwa ngumi.

Ya pili ni ya mume anayejiona amenunua. Kila mke anapouliza jambo, anajibiwa kwamba ametolewa mahari na hana sauti. Akiomba fedha ya matumizi anakumbushwa ng'ombe au laki alizopewa baba yake. Wapo wanaopigwa kwa hoja hiyo hiyo.

Ya tatu ni ya ndoa inayovunjika. Mke anaondoka, na mume anataka arudishiwe alichotoa. Wazazi hawana, kilikwisha kuwa bati la nyumba au ada ya mdogo wake. Basi wanamwambia binti yao, "Rudi ukavumilie." Wengine wamerudishwa mikononi mwa watu waliokuwa wakiwaumiza, kwa sababu tu baba hana cha kurudisha.

Ya nne ni ya msiba. Mke anafariki kabla mahari haijakamilika, na ndugu zake wanazuia maziko mpaka deni lilipwe. Watoto wanalia huku wakubwa wanapatana bei.

Sheria ya nchi inasemaje?

Ndugu zetu, wengi tunaishi na sheria tusizozijua. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 imeeleza wazi kwamba ndoa iliyofungwa kwa kufuata masharti ya sheria hiyo ni halali hata kama desturi ya mahari haikutimizwa. Kwa maneno mengine, mahari ni heshima ya mila, lakini si roho ya ndoa. Mzazi hawezi kuivunja ndoa ya binti yake kwa kudai kwamba hajalipwa. Wala mume hawezi kusema kwamba mwanamke huyo si mke wake kwa kuwa hakumaliza kutoa.

Sheria hiyo hiyo imesema kwamba, hata kama iko mila inayoruhusu, hakuna mtu mwenye haki ya kumpiga mwenzake wa ndoa ili kumwadhibu. Haikusema isipokuwa kama mahari imetolewa yote. Haki hiyo haipo kabisa.

Kuhusu watoto, mahakama haihesabu ng'ombe. Inatazama kwanza ustawi wa mtoto, na kwa mtoto aliye chini ya miaka saba sheria huanza kwa kudhani kwamba ni vema akae na mama yake, isipokuwa kama kuna sababu ya kuonyesha vinginevyo. Na kuhusu mali, Mahakama ya Rufani katika shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, mwaka 1983, ilikubali kwamba kazi za mama nyumbani ni mchango katika kuchuma mali ya ndoa. Aliyetolewa mahari si kitu kimojawapo katika mali ya mume. Ni mmoja wa wachumaji.

Lakini tusidanganyane kwamba madai ya mahari hayapo kisheria. Tangazo la Sheria za Mila la mwaka 1963, kwa makabila yanayofuata ukoo wa baba, lina kanuni za kurudisha mahari ndoa inapovunjika. Kanuni hizo huzingatia ni nani aliyesababisha ndoa kuvunjika na kama wapo watoto. Anayeona ana haki hiyo huipeleka Mahakama ya Mwanzo kama madai. Hapo ndipo tunapofika kwenye jambo ambalo limewachanganya wengi.

Madai na jinai ni vitu viwili

Deni la mahari ni madai. Mdai hupeleka shauri mahakamani, hutoa ushahidi, na hakimu huamua. Polisi hawakuwekwa kukusanya madeni, na mkwe hapaswi kulala mahabusu kwa sababu hakumaliza kulipa.

Kupiga, kujeruhi, kutishia kuua, kumfungia mtu ndani au kuchoma nguo na nyumba yake ni jinai. Makosa hayo yamo katika Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, na yanabaki kuwa makosa hata yakitendwa na mume, baba, shemeji au wifi. Kesi ya jinai huwa ni ya Jamhuri. Aliyeumizwa ni mlalamikaji na shahidi, si mwenye kesi. Ndiyo sababu mtu aliyefungua malalamiko kwa hasira huja kushangaa anapotaka "kuifuta" kesi na kuambiwa kwamba si yake peke yake.

Tuchukue mfano wa kubuni, wenye sura ya mambo yanayotokea. Mama mmoja ameolewa miaka sita. Mumewe alitoa nusu ya mahari. Baba mkwe amekuja kudai, wametukanana, na jioni mume amemalizia hasira kwa mkewe, amempiga hadi kumvunja mkono. Hapa kuna mambo mawili. Deni la baba mkwe ni madai. Mkono uliovunjika ni jinai. Watu wa nyumbani wakisema, "Tuyamalize pamoja, mume alipe mahari yote na mambo yaishe," watakuwa wamemlipa baba kwa maumivu ya binti. Baba ataondoka na fedha yake na mama atabaki na mkono wake. Huo si upatanisho.

Mama huyo afanye nini? Kwanza atibiwe. Atoe taarifa polisi na apate Fomu ya Polisi namba 3, ambayo watu wengi huijua kama PF3, ili daktari aandike alichokiona. Katika vituo vya polisi lipo Dawati la Jinsia na Watoto, lililowekwa ili mama au mtoto aweze kueleza mambo ya aibu mbele ya askari aliyefundishwa kusikiliza, na si kaunta mbele ya kila mtu. Akisema, aseme yaliyotokea: siku, saa, nani alikuwepo, alipigwa na nini. Ahifadhi namba ya taarifa yake, yaani RB, na makaratasi ya hospitali. Kama hana uwezo wa wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria ambao husaidia watu bila malipo. Ofisi ya kata au ya ustawi wa jamii inaweza kumwelekeza.

Malalamiko ya kukomoana

Sasa tuseme na upande mwingine, kwa maana ukweli hauna jinsia. Wako wanaokwenda polisi si kwa kuwa wameumizwa, bali kwa kuwa wanataka kushinda mazungumzo ya mahari. Mkwe anamshtaki kijana kwamba amemwiba binti yake, ilhali binti ni mtu mzima aliyekwenda kwa hiari. Mume aliyeachwa anadai mkewe ameiba vyombo, ili tu ndugu zake waogope na kurudisha mahari. Mke anaambiwa na shangazi zake aongeze kwamba alitishiwa panga, wakati panga halikuwepo, ili mume alale ndani siku mbili "apate akili".

Kumpa mtumishi wa umma habari za uongo ili atumie mamlaka yake kumsumbua mwingine ni kosa la jinai lenyewe. Lakini hata kama uongo huo hautagunduliwa, madhara yake hayaishii kwa yule aliyesingiziwa. Yanamfikia mama wa nyumba ya pili ambaye kweli anapigwa. Anapofika kutoa taarifa, anakuta watu wamekwisha kusema kwamba wanawake hupenda kukomoa waume zao. Kila uongo mmoja unaopelekwa polisi huongeza mashaka juu ya wakweli.

Vile vile tuwe waangalifu tusije tukageuza onyo hili kuwa fimbo. Mtu kukosa shahidi si sawa na kusema uongo. Mengi ya nyumbani hutendeka mlango ukiwa umefungwa, na mama anayebadilisha maneno huenda ametishwa au hana pa kulala. Kazi ya kupima ni ya wapelelezi na mahakama. Kazi yetu majirani ni kusema tulichokiona na kunyamaza tusichokiona.

Wenzetu wamepitia wapi?

Nchini Uganda, shirika la Mifumi, lililoanzia wilaya ya Tororo, lilipeleka suala la mahari mahakamani. Liliposhindwa katika Mahakama ya Katiba mwaka 2010, lilikata rufani. Tarehe 6 Agosti 2015 Mahakama ya Juu ya Uganda ilitoa uamuzi wake. Haikuifuta mahari. Ilisema watu wazima wakitaka kutoa na kupokea, ni hiari yao. Lakini desturi ya kudai mahari irudishwe ndoa inapovunjika iliamuliwa kuwa kinyume cha Katiba. Miongoni mwa hoja zilizotolewa ni hii tuliyoitaja: mke asiye na wa kumrudishia mahari hulazimika kubaki mahali anapoteswa.

Kenya, kwa Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014, ilisema kwamba pale mahari inapohitajika ili kuthibitisha ndoa ya kimila, kiasi kidogo cha ishara kinatosha.

India hali ni tofauti, kwa kuwa huko mali hutoka kwa wazazi wa bibi kwenda kwa bwana na ndugu zake. Sheria ya mwaka 1961 ilipiga marufuku desturi hiyo, lakini haikukoma. Wake waliendelea kuteswa ili kwao waongeze mali, na wengine kuuawa. Mwaka 1983 kiliongezwa katika sheria yao ya jinai kifungu cha kuwaadhibu mume na ndugu zake wanaomtesa mke. Hata hivyo, kwa hesabu za serikali yao, vifo vinavyohusishwa na mali ya ndoa vilikuwa zaidi ya 6,000 katika mwaka 2022 peke yake. Upande wa pili, mwaka 2014 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo, katika shauri la Arnesh Kumar, iliwaonya polisi wasikamate watu moja kwa moja kila malalamiko yanapoletwa, bali wapime kwanza, kwa sababu wengine walikuwa wakikitumia kifungu hicho kama silaha ya kulipiza kisasi. Kinga hiyo kwa wake haikuondolewa. Katika kanuni mpya ya jinai iliyoanza kutumika Julai 2024 imo bado.

Tunajifunza nini? Kwamba mateso ni ya kweli na malalamiko ya kukomoana nayo yapo, na kuwepo kwa moja hakufuti jingine. Dawa ni kuchunguza kila shauri kwa haki, bila kudharau anayelia na bila kumhukumu anayeshtakiwa kabla hajasikilizwa.

Kazi ya Baraza la Usuluhishi

Kabla mtu hajaomba talaka mahakamani, Sheria ya Ndoa inataka kwa kawaida shauri lipelekwe kwanza kwenye Baraza la Usuluhishi la Ndoa. Baraza huwa na mwenyekiti na wajumbe wasiopungua wawili wala kuzidi watano. Likishindwa kupatanisha, hutoa hati, na hati hiyo ni lazima iwe haijapita miezi sita mambo yanapopelekwa mahakamani. Sheria inaruhusu pia chombo cha jumuiya, kikiwemo cha dini, kuteuliwa kuwa baraza la namna hiyo.

Wajumbe wa mabaraza, na viongozi wetu wa makanisa, wakumbuke mpaka wa kazi yao. Wamewekwa kupatanisha watu wanaoweza kukaa meza moja. Wanaposikia habari ya mtu kuvunjwa mkono au kutishiwa maisha, wasiifunge kwa sala na kupeana mikono. Wamsaidie kwanza aliye hatarini apate usalama na matibabu, na polisi wafanye kazi yao. Upatanisho, kama utakuja, utakuja baadaye na bila kulazimishwa.

Wazazi, tuanzie kwetu

Katika kitabu cha Mwanzo, sura ya 29, tunasoma jinsi Labani alivyomtumikisha Yakobo miaka saba kwa ajili ya Raheli, kisha akamgeuzia maneno. Wahubiri wengi husifu uvumilivu wa Yakobo. Ni wachache wanaofika sura ya 31, ambapo mabinti wenyewe wanamnung'unikia baba yao kwa kuwatendea kama watu wa kuuzwa, na kutumia chote kilichopatikana kwa ajili yao. Labani alipata faida ya miaka mingi, lakini siku ya kuondoka mabinti wake hawakuona sababu ya kubaki.

Basi, akina mama na akina baba, tupendekeze machache. Kiasi kiwe kile ambacho kijana anaweza kukitoa bila kukopa. Kilichokubaliwa kiandikwe, kisainiwe na pande zote mbili, na ielezwe pia kila upande unakielewaje. Binti aulizwe mbele ya wazee, kwani ndoa ni yake. Kama kuna kilichobaki, watajwe watu wawili wa kukifuatilia, na binti asiwe mfuatiliaji wala rehani. Na wazazi waweke neno moja wazi siku ile ile: kwamba binti yao akiteswa, mlango wa kwao uko wazi, iwe mahari iliisha au haikuisha, iwe ipo ya kurudisha au haipo. Binti anayejua hivyo hatahitaji kusema uongo polisi ili apate kuondoka, na mkwe anayejua hivyo atafikiri mara mbili kabla ya kuinua mkono.

Maswali ya kujadiliana katika vikundi vya akina mama

1. Katika familia zetu, mahari inaeleweka kuwa nini: shukrani, deni, au bei?

2. Binti yetu akirudi nyumbani usiku na majeraha, nani atakwenda naye hospitali na polisi?

3. Je, tumewahi kumshauri mtu aongeze maneno katika malalamiko yake? Tufanye nini ili jambo hilo likome?

4. Kanisa letu linawasaidiaje wanaoishi pamoja miaka mingi bila ndoa takatifu kwa sababu ya deni la mahari?